Kabla Hujamwita Malaya, Uliza Kama Angeweza Kukataa



Juma lililopita nilikuwa kwenye kibanda cha kuchaji simu karibu na soko. Wavulana sita au saba walikuwa wamebanana kwenye benchi moja, simu moja, kichwa juu ya kichwa. Nilijua mara moja wanaangalia nini. Ni zile filamu za Ufilipino za watu wazima ambazo hapa kwetu zinazunguka kwa memori kadi, vipande vipande, hazina mwanzo, hazina mwisho, hazina hata jina. Mmoja akasema, "Huyu dada hana haya kabisa. Malaya huyu." Wote wakacheka.

Nikauliza, "Anaitwa nani?" Hakuna aliyejua. "Filamu yenyewe inaitwaje?" Kimya. "Sasa inahusu nini?" Mmoja akanijibu, "Kaka, inahusu hivyo hivyo unavyoona."

Jumamosi ijayo kamati yetu ya vijana inakaa. Ajenda namba tatu ni pendekezo la kupiga marufuku "filamu zote za Kifilipino" kwenye vibanda vya video, na atakayekutwa nazo alipe faini. Wazee wamekubali, na mashirika mawili yameshasema ni hatua nzuri. Mimi nitapiga kura ya hapana. Najua nitaitwa mtetezi wa uchafu, basi acha niseme sababu zangu hapa mapema, msije mkasema nilijificha.

Jambo moja niliweke sawa kwanza. Watoto wasiangalie hizi filamu, kabisa. Kibanda kinachomwingiza mtoto wa miaka kumi na mbili kuangalia mambo ya watu wazima kifungwe hata leo, na mimi nitabeba kufuli. Hapo hatubishani. Ninabishana na mawazo mawili. Moja ni la wale wanaoangalia huku wanamtukana anayeangaliwa. La pili ni la wale wanaodhani ukishafuta picha umemlinda binti. Wote wawili wanaruka swali lile lile: huyu mtu tunayemwona, je, angeweza kukataa?

Tuanze na zilikotoka. Wafilipino wenyewe waliziita "bomba", baadaye wakaziita "bold". Zile za bomba zilishika kasi mwanzoni mwa miaka ya 1970. Septemba 1972 Rais Ferdinand Marcos akatangaza utawala wa kijeshi, na moja ya mambo aliyoahidi ni kusafisha maadili ya nchi. Ukisikia hivyo unadhani filamu ziliisha. Wapi! Mwaka 1974 ikatoka Ang Pinakamagandang Hayop sa Balat ng Lupa, na nyota wake alikuwa Gloria Diaz, yule aliyekuwa Miss Universe mwaka 1969. Sheria ilikataa uchi, basi wakamlowesha maji na nguo zake. Ikawa mtindo wa zama zile, waigizaji wa kike kuogelea wakiwa wamevaa nguo nyepesi nyeupe. Sheria imeheshimiwa, tiketi zimeuzwa, kila mkubwa ameridhika.

Sasa sikilizeni hili, kwa sababu ndilo lililonifanya nianze kufuatilia. Mke wa rais, Imelda Marcos, alitaka Manila iwe na tamasha kubwa la filamu la kimataifa. Likajengwa jengo la fahari, Manila Film Center, kwa haraka, usiku na mchana, ili liwahi tamasha la Januari 1982. Tarehe 17 Novemba 1981 jukwaa la ujenzi likaanguka, na mafundi wakaangukia kwenye zege bichi. Watu walikufa. Ujenzi ukaendelea na tamasha likafanyika. Tamasha lililofuata, la 1983, pesa za serikali zilipokosekana, wakaonyesha filamu za ngono bila kukatwa ili kupata fedha. Yaani serikali ile ile iliyoingia na ahadi ya maadili ikawa inauza tiketi mlangoni.

Mnaona? Anayepiga marufuku na anayeuza anaweza kuwa mtu mmoja. Ndiyo maana nikisikia neno "marufuku" huwa nauliza kwanza nani ameshika ufunguo.

Na walipokata, walikata nini? Mwongozaji Ishmael Bernal alitengeneza filamu iitwayo Manila by Night mwaka 1980. Ni hadithi ya maisha ya usiku ya jiji: dawa za kulevya, ukahaba, uongo ndani ya familia. Ndani yake kuna mwanamke, ameigizwa na Alma Moreno, ambaye anatoka nyumbani amevaa sare nyeupe ya nesi. Kila mtu anajua anakwenda hospitali. Kumbe hospitali hakuna. Sare ni ya kuwaridhisha wa nyumbani tu, kazi anayokwenda kufanya ni nyingine. Serikali ilikasirikia filamu ile, ikazuiwa kwenda tamasha la Berlin, na kilichowaudhi sana ni jina. Waliona inaharibu sifa ya jiji. Ikabidi iitwe City After Dark, na neno Manila likaondolewa humo ndani. Wanawake waliokuwa wakijiuza katika jiji hilo hakuna aliyewaondolea chochote. Lililookolewa ni jina la jiji.

Jamani, hiyo ndiyo hofu yangu kuhusu ajenda namba tatu. Tunaogopa kambi itasemwa vibaya. Tunataka mgeni akija akute vibanda safi. Lakini kila mtu hapa anamjua dada anayetoka jioni na kusema anakwenda kwa shangazi yake zoni ya juu, na sisi sote tunakubali ni kwa shangazi kwa sababu asubuhi kuna unga. Hiyo ndiyo sare ya nesi ya kwetu.

Wale wa kwenye benchi waliniambia filamu "inahusu hivyo hivyo unavyoona". Si kweli. Wameona kipande tu. Chukueni Burlesk Queen ya 1977. Vilma Santos anaigiza binti aitwaye Chato. Baba yake hawezi kutembea. Chato anamsaidia mcheza dansi mmoja wa jukwaani ambaye umri umeshaanza kumtupa, kisha njaa inamsukuma na yeye apande jukwaani. Mwisho wa filamu anacheza akiwa na mimba, anacheza na damu inamtoka, na watu bado wanashangilia. Mwongozaji Celso Ad. Castillo anakuonyesha yule binti, na anakuonyesha pia wale wanaopiga makofi. Ukikata kile kipande cha dansi ukakiweka kwenye memori kadi peke yake, umebaki na makofi tu. Wewe ndiye umekuwa yule mtu wa kiti cha mbele.

Au White Slavery ya Lino Brocka, ya 1985. Mabinti wa kijijini wanaahidiwa kazi Manila, wanafika wanakuta danguro. Je, hadithi hiyo ni ya Ufilipino peke yake? Nani hapa hajawahi kusikia "kuna kazi ya nyumbani Ghuba, pasipoti tutashughulikia sisi"? Kenya, Uganda na Ufilipino zote zinapeleka mabinti kufanya kazi za ndani katika nchi zile zile. Mwaka 2018 Ufilipino ilisimamisha kwa muda kupeleka wafanyakazi Kuwait baada ya mwili wa mfanyakazi wake wa nyumbani kukutwa kwenye friza. Sisi tusio na pasipoti wala ubalozi wa kutupigia kelele, tungesimamishiwa safari na nani?

Na msidhani ni wanawake peke yao. Brocka huyo huyo mwaka 1988 alitoa Macho Dancer. Kijana wa kiume, Pol, alikuwa akiishi kwa pesa za mwanajeshi wa Kimarekani. Mwanajeshi anaondoka, pesa zinakwisha, Pol anakwenda Manila kucheza kwenye klabu ambapo wanaume wanamnunua. Rafiki yake huko anamtafuta dada yake aliyepotea, na anamkuta ameuzwa. Polisi wamo ndani ya biashara. Wavulana mnaocheka, ile ni filamu yenu. Kuna vijana wa kiume wa kambini hapa waliokwenda mjini kutafuta kibarua, na mambo waliyofanyiwa huko hawatayasema kwenye kikao chochote, kwa sababu tumeshawafundisha kwamba mwanaume hafanyiwi.

Kwa hiyo tukisema "filamu za Kifilipino" kana kwamba ni takataka moja, tunatupa na zile zinazosema maisha yetu. Brocka hakuwa mtu wa mzaha. Alikamatwa mwaka 1985 kwa kuunga mkono mgomo wa madereva wa jeepney. Filamu yake Insiang, juu ya binti wa mtaa wa mabanda anayebakwa na mpenzi wa mama yake, ndiyo filamu ya kwanza ya Kifilipino kuonyeshwa Cannes, mwaka 1978. Ningependa wasichana wa hapa waione yote, wakiwa na mtu wa kuongea naye baadaye. Kwa pendekezo lililopo, hiyo nayo ni faini.

Sasa wapo ndugu zangu wasomi kidogo watakaonishika mkono hapo na kusema, "Umeona? Ni sanaa, ziachwe." Hapana, hata ninyi siko upande wenu. Filamu inaweza kulia kwa ajili ya maskini na wakati huo huo ikamla maskini. Ndiyo maana lazima tuangalie waigizaji wenyewe, si hadithi tu.

Vilma Santos alipocheza Burlesk Queen alikuwa na jina tayari. Aliigiza tangu akiwa mtoto, tangu 1963. Alikuwa na mashabiki, alikuwa na uwezo wa kusema "hapa mwisho". Baadaye akawa meya wa Lipa, kisha gavana wa Batangas. Daniel Fernando alikuwa nyota wa Scorpio Nights mwaka 1985, filamu ya mambo mazito ya chumbani kuliko nyingi za wakati wake, na akaigiza pia katika Macho Dancer. Leo ni gavana wa Bulacan, tangu 2019. Hakuna anayemwita malaya. Anaitwa mheshimiwa.

Sasa mtazameni Pepsi Paloma. Hilo halikuwa jina lake. Meneja alikuwa na kundi la mabinti wadogo aliowapa majina ya soda: huyu Pepsi, yule Coca, mwingine Sarsi. Fikiria mtu anakupa jina la kitu kinachonywewa na chupa kurudishwa dukani. Aliingizwa kwenye filamu za bold akiwa binti wa umri wa shule. Mwaka 1982 aliwashtaki watu maarufu wa runinga kwamba walimbaka. Kesi haikufika kwenye hukumu. Mwaka 1985 alikutwa amefariki, ikaelezwa kuwa alijiua. Hakuwa amefika miaka 20. Na hata mwaka 2025, miaka arobaini baadaye, kulikuwa na filamu mpya juu yake na kesi mpya mahakamani juu ya filamu hiyo. Watu wazima bado wanagombana juu ya jina la soda, na mwenye jina yuko kaburini.

Nchi ni ile ile, na miaka ni ile ile. Mmoja gavana, mwingine kaburini. Mtasema mmoja alikuwa na haya zaidi ya mwingine? Mimi naona tofauti nyingine. Yule angeweza kukataa, huyu hangeweza. Alikuwa mtoto, hana pesa, na mtu mzima ndiye aliyeshika mkataba, jina na mlango wa kutokea.

Katikati yao kuna Jaclyn Jose. Naye alianzia kwenye filamu za namna hiyo miaka ya 1980, alikuwamo kwenye White Slavery, alikuwamo kwenye Macho Dancer. Hakuacha kazi. Mwaka 2016 alishinda tuzo ya mwigizaji bora wa kike kule Cannes kwa filamu Ma' Rosa, Mfilipino wa kwanza kuipata. Na Ma' Rosa ni nani? Mama wa kiduka cha mtaani anayeuza na dawa za kulevya kidogo kidogo ili watoto wale. Polisi wanamkamata, wanataka hongo, watoto wanazunguka jiji zima kutafuta hiyo hongo, na mmoja wao anauza mwili wake. Jaclyn Jose alifariki Machi 2024. Kama mwaka 1985 kamati ya watu kama sisi ingemhukumu kwa kipande cha dakika mbili, tusingeiona Ma' Rosa.

Najua jibu lililo midomoni mwenu. "Lakini wengine wamechagua wenyewe. Wanalipwa. Ni watu wazima." Ni kweli, wapo. Mtu mzima aliyekubali kwa akili yake, akasoma mkataba, akalipwa, mimi si hakimu wake. Lakini sisi wakimbizi tuwe watu wa mwisho duniani kulitumia neno "amechagua" kirahisi. Mgao ukipunguzwa, mama anauza sehemu ya mafuta ya kula apate sabuni. Amechagua? Kijana anajitolea siku tano kwa juma kwa posho ambayo haimalizi mwezi, kwa sababu nje ya geti hana kibali cha kazi. Amechagua? Mama mmoja wa Kivu, jirani yetu, husema, "Mtoto wangu, njaa haina aibu, aibu ni ya mwenye kushiba." Mwenye shibe hamjui mwenye njaa, lakini sisi hatuna kisingizio hicho. Tunaijua njaa vizuri sana.

Na soko halijafungwa. Januari 2021, wakati kumbi za sinema zimefungwa kwa sababu ya korona, kampuni ya Viva ilianzisha huduma ya kulipia mtandaoni, Vivamax, na kwa muda mfupi ikajulikana kwa filamu za watu wazima, zikitoka mfululizo na nyuso mpya kila mara. Bodi ya serikali inayokagua filamu na runinga kule, iliyoundwa mwaka 1985, haikupewa mamlaka juu ya filamu za mtandaoni. Vipande vingi mnavyopeana vinatoka huko. Katika mlolongo wote huo, msichana anapata mara moja. Kampuni inapata kila mwezi. Mwenye kibanda anapata kwa kila memori kadi. Na wewe unapata kicheko, na juu yake unamwachia tusi. Nyani haoni kundule.

Filamu ya Serbis ya Brillante Mendoza, ya 2008, inaonyesha hali hii vizuri. Familia inaishi ndani ya jumba la sinema kuukuu katika mji wa Angeles, uliokuwa pembeni ya kambi ya jeshi la anga la Marekani. Jumba linaitwa Family. Kwenye pazia zinaonyeshwa filamu kuukuu za ngono, gizani watu wanauziana miili, na katikati ya hayo bibi anapiga hesabu, mtoto anafanya mazoezi ya shule, supu inapikwa na kuuzwa. Hakuna anayeangalia filamu kwa kweli. Inawaka tu ili biashara nyingine iendelee. Mimi nilipoiona nilikumbuka vibanda vyetu. Ukizima ile pazia leo, wale watu watahamia uchochoroni, na njaa watakuwa nayo ile ile. Marufuku yetu itafanya hivyo hivyo. Filamu zitatoka kwenye kibanda, ambako angalau kuna mlango wa kumzuia mtoto, ziingie kwenye simu chini ya blanketi.

Sasa nigeuke kwenu, wafanyakazi wa mashirika. Msinichukie. Wengi wenu mnafanya kazi kwa moyo, na mimi mwenyewe navaa fulana yenu. Lakini mnaunga mkono marufuku kwa jina la kulinda heshima ya binti, basi niulize kuhusu kamera zenu. Mwaka jana walikuja wageni na kamera. Waliomba binti mmoja aliyepatwa na ukatili asimulie. Akasimulia. Akalia. Wakamwambia, kwa upole kabisa, arudie ile sehemu aliyolia kwa sababu sauti haikuingia vizuri. Mimi nilikuwa mkalimani. Aliweka saini kwenye karatasi ya Kiingereza ambayo mimi ndiye niliyemweleza kwa dakika moja, huku gari limeshawashwa. Angeweza kukataa? Mbele ya watu wenye orodha ya misaada mkononi?

Najua lile si jambo moja na filamu za bold. Hakuvuliwa nguo. Lakini alivuliwa kitu, kikachukuliwa, kikapelekwa mahali asipopajua, na yeye akabaki na nauli ya bodaboda. Nami niliyetafsiri nilipata posho yangu ya siku. Kwa hiyo naomba tuanze na kamera zilizo mikononi mwetu, ndipo tuhukumu za Manila.

Niseme na hili, ingawa linanichoma. Mnakumbuka ile video ya msichana wa zoni yetu akicheza kwenye sherehe ya harusi? Alikuwa anacheza tu, kama tunavyocheza wote. Mtu akaikata, akabakiza sekunde kumi, akaandika maneno juu yake, akaituma. Ikazunguka kambi nzima kwa siku mbili. Yule msichana aliacha shule, hajarudi. Mimi niliituma kwa watu watatu. Sikuandika neno baya, nilituma na emoji ya kicheko tu. Siku ile kwenye kibanda cha kuchaji, wavulana walipocheka, nilisikia kicheko changu mwenyewe. Ndiyo maana niliwauliza jina lake. Nilipotuma ile video sikuuliza chochote.

Basi nini kifanyike? Polemiki bila njia ni kelele, na kelele tunazo za kutosha hapa.

Wafilipino wametuonyesha kitu kimoja. Mwaka 2019 mwigizaji mkongwe Eddie Garcia, mwenye miaka 90, alijikwaa kwenye waya akiwa kazini kwenye seti, akaumia shingo, akafariki. Wenzake hawakuishia kulia. Mei 2024 ikasainiwa sheria yenye jina lake, ya kulinda wafanyakazi wa filamu na runinga: mkataba wa maandishi, kikomo cha saa za kazi, usalama kazini. Haijamaliza matatizo yote. Lakini inamtambua mwigizaji kama mfanyakazi mwenye haki, na ukishamtambua hivyo huwezi tena kumfanya takataka kirahisi.

Jumamosi nitapendekeza ajenda namba tatu ibadilishwe iwe hivi. Kwanza, vibanda visiingize watoto kwenye filamu za watu wazima, na mwenye kibanda ndiye alipe faini, si kijana aliyekutwa na simu. Pili, yeyote anayesambaza picha au video ya mtu wa kambini bila ruhusa yake aitwe mbele ya kamati, na mimi nitakuwa wa kwanza kuitwa. Tatu, mgeni yeyote mwenye kamera, awe wa filamu, wa habari au wa shirika, alete karatasi ya ruhusa kwa lugha anayoielewa mhusika, ampe siku mbili za kufikiri, na amwambie wazi kwamba akikataa hatapoteza mgao wala huduma. Nne, mara moja kwa mwezi tuonyeshe filamu nzima kwa watu wazima, tuanze na Insiang, halafu tukae tuzungumze, wanawake wakianza kusema.

Mkinipinga, nipingeni kwa hoja. Nitajibu kila mmoja. Ila tafadhali, msiniambie kwamba tatizo ni wale dada wa Ufilipino. Wao wako mbali, hawatujui, na wengine wameshakufa. Wanaocheka ni sisi, na msichana aliyeacha shule anaishi nyuma ya bomba la maji la pili. Nimekwenda kwao mara mbili kuomba msamaha. Mara ya kwanza mama yake alinifungia mlango. Mara ya pili alinisikiliza amesimama, hakusema ndiyo wala hapana. Jumapili nitakwenda tena.

Tukutane Jumamosi, saa nane mchana, kituo cha vijana. Njooni wengi.